Ndiyo ya Hoja

Benchi la kona ile limeegemea ukuta wa chumba cha fundi cherehani, na kelele zake zote za miaka nenda rudi zilianzia kwa fundi mwenyewe. Walimbandika jina la Hoja kwa sababu hakuna jambo aliloliacha lipite bila kulibishia. Sheria ya kijiwe aliiweka yeye: ubishi ukizidi, mtu anaulizwa mara tatu, akijibu ndiyo mara tatu, kesi imefungwa, watu wanywe kahawa. Sasa kiharusi kimempiga. Mkono wa kulia umelegea, na kinywani limebaki neno moja tu, ndiyo. Mengine yote yamo kichwani, anayasikia kabisa, lakini akifungua mdomo linatoka lile lile. Na asubuhi hii mdogo wake kaja na mkokoteni, anaifunga cherehani kamba aende kuiuza.

— Ulimi umevimba kwa ndani, alisema Daktari, ambaye udaktari wake wote ni kulinda geti la zahanati. Nimewaona wengi.

— Ulimi gani, na kahawa anakunywa? Kinyozi alidakia. Huo ni ubongo. Damu imekosa njia upande wa kushoto, maneno yakaporomoka.

— Yakaporomokea wapi?

— Shingoni. Si unaona anavyokohoa?

— Acheni uongo, alisema Muuza Kahawa. Kila mtu anazaliwa na maneno yake, yamehesabiwa. Huyu kayamaliza kwa kutubishia sisi. Kabakiwa na la akiba.

Wakacheka mpaka benchi likatikisika, na Hoja yumo katikati yao, bega kwa bega, wanamsema kana kwamba kasafiri. Hasira ilimpanda hadi masikio yakawaka moto. Kule hospitali nesi alimwambia mdogo wake waziwazi, Hoja mwenyewe akisikia: huyu anaelewa kila kitu, kilichoumia ni sehemu ya ubongo inayomtafutia maneno. Msiitegemee ndiyo yake, mwonyesheni vitu achague kwa mkono. Mdogo mtu akaitikia, sawa nesi, nimeelewa. Tangu siku hiyo hajamwonyesha hata kijiko.

— Jamani, msije mkasema namdhulumu kaka yangu, alisema mdogo wake, goti kakandamiza kwenye cherehani. Namuuliza mbele yenu. Kaka, tuiuze?

— Ndiyo.

Hapana, Hoja alisema moyoni. Hapana, mshenzi wewe. Jana tu alishona foronya nzima kwa mkono wa kushoto, mshono umepinda lakini umeshika. Bila mashine ile atakuwa mtu wa kulishwa na kufunikwa shuka.

— Kaka, mnunuzi anangoja. Tuiuze?

Hoja alipiga benchi ngumi, vikombe vikaruka.

— Ndiyo!

— Mwone alivyo na hamu, alisema Daktari.

Akajaribu kuinuka. Daktari akamshika bega, akamrudisha chini taratibu, kama anamlaza mtoto.

— Tulia, mzee mwenzangu, usijichoshe.

— Ya tatu, kaka. Tuiuze?

— Ndiyo, alisema Hoja, na machozi ya hasira yakamtoka mbele za watu.

— Kesi imefungwa, alisema Muuza Kahawa. Na sheria ni yake mwenyewe.

Pembeni alikuwa amesimama mama mmoja asiye wa kijiwe kile, akiwasikiliza. Alikuja kuulizia sketi ya shule ya binti yake.

— Samahani, alisema. Tangu augue, kuna lolote mlilomuuliza akajibu hapana?

Muuza Kahawa akawa anafuta kikombe kilichokwisha kukauka. Kinyozi akamgeukia rafiki yake, akamtazama usoni kwa mara ya kwanza asubuhi ile.

— Hoja, wewe ni maiti?

— Ndiyo.

Hakuna aliyecheka.

— Mnanipotezea muda, alifoka mdogo wake. Nesi alisema anaelewa kila kitu.

— Kumbe nesi alisema, alijibu Kinyozi. Alisema nini kingine?

Mdogo mtu aliinamia kamba, akawa anakaza fundo lililokwisha kukazwa.

— Tunakuuliza wewe, bwana, alirudia Kinyozi. Alisema nini kingine?

Daktari aliondoa mkono begani kwa Hoja, akausogeza nyuma yake kwa aibu. Hoja akainuka. Aliuburuta mguu hadi kwenye mkokoteni, akaikamata kamba kwa mkono wa kushoto, akaanza kuifungua.

— Ndiyo, alimwambia mdogo wake usoni. Ndiyo. Ndiyo.

Na pale kijiweni hakuna aliyemwelewa vibaya.