Tarumbeta Iliyotiliwa Shaka

Ndugu wafiwa, majirani, na hata ninyi mliokuja kuangalia tu nani kaja na nani hakuja, haya ndiyo maisha ya shemeji yetu, na familia imenituma niyasome bila kuyapaka rangi.

Marehemu alizaliwa tarehe 12 Machi 1949 ng'ambo ya mpaka, mtoto wa pili wa fundi wa vinanda, akasoma huko hadi chuo cha muziki, na mwaka 1974 vita vilipochacha akavuka kuja huku na fidla yake na shati la kubadilisha. Kuanzia 1976 alifundisha muziki sekondari ya wasichana, na tarehe 4 Agosti 1979 akamwoa dada yetu, baada ya baba kumchunguza mwaka mzima kama mtu anayeuziwa gari bovu, wakajaliwa watoto watatu.

Mwaka 2011 alimaliza kazi yake kubwa ya okestra, "Nchi Iliyonipokea", zawadi yake kwetu, akaomba ipigwe katika ukumbi mkuu. Kamati ya ukumbi ikahisi kaficha humo wimbo wa kwao, ikaamuru kila mpigaji apige peke yake, jambo la ajabu, maana ni sawa na kusikiliza upande mmoja wa simu. Ilipofika tarumbeta, mpigaji akakaa kimya muda mrefu akihesabu mapigo, akapuliza sauti moja ndefu, akanyamaza tena.

Mwenyekiti akaruka, "Huyu alikuwa anangoja nini?"

"Zamu yake, mheshimiwa," marehemu akajibu.

"Zamu ya kufanya nini? Na huko nje nani anaisubiri hiyo ishara?"

Marehemu akaeleza kwamba ile ni honi ya lori lililompakia mpakani bila kumuuliza jina, nao wakataka kujua lori lilikuwa la nani. Wakamwambia aiondoe sauti hiyo apewe ukumbi, akakataa katakata, akakusanya makaratasi yake akarudi nyumbani.

Aliugua figo tangu Februari 2022, akafariki tarehe 9 mwezi huu hospitalini, hajaisikia kazi yake ikipigwa hata mara moja.

Tunawashukuru madaktari na wauguzi, majirani mliokesha nasi, walimu wenzake, na wanafunzi wake wa zamani waliokuja na ala zao, ambao watatupigia kaburini kazi yote, tarumbeta ikiwemo, wala hatukumwomba mtu ruhusa.

Lala salama, shemeji, hapa ni kwenu.