Vile Nilitaka Kulipia Neema kwa Kupasua Kuni

Bwana asifiwe! Eh, hiyo amina imetoka kama ya watu wamenyeshewa. Sawa, nitaichukua hivyo hivyo.

Mchungaji ameniambia niongee kidogo juu ya kuhesabiwa haki kwa imani. Ndugu zangu, mimi shule niliachia darasa la sita, na hata hiyo la sita hatukuagana vizuri. Mkitaka maneno ya Kigiriki, muulize mchungaji. Mimi nitawaambia tu vile bibi yangu, mama watoto, alinitoroka kwa sababu ya kanisa.

Mnacheka. Ngojeni.

Ilikuwa ile miaka simu ya mkono ilikuwa imeanza kuingia, mtu anaivaa shingoni kama kengele ya ng'ombe. Nilikuwa kibarua kwa mashamba ya mahindi huko Moi's Bridge. Kama umefanya hiyo kazi, unajua nyapara. Asubuhi anakupimia laini yako, jioni anarudi na fimbo akiangalia nyuma yako. Akipata nyasi imesimama, unarudia yote. Hakuna pole. Sasa nilipoacha busaa, ile pombe ya kienyeji, nikaingia kanisa letu la Kilutheri pale Kitale, nikaona huyu Mungu lazima ni nyapara mkubwa zaidi, na yeye haendi hata kunywa chai.

Na nilikuwa na ya kusafisha, bana! Nilikuwa nakunywa mpaka mbwa ya jirani ndio ilikuwa inanisindikiza nyumbani. Nikasema, hii uchafu nitaifanyia kazi mpaka iishe. Nikaanza kufagia kanisa. Nachota maji ya kanisa. Napalilia mashamba ya wajane. Nafunga kula mpaka suruali inataka kushuka katikati ya sala.

Mchungaji kila Jumapili anahubiri, "Mungu anatukubali bure, kwa imani, si kwa matendo yetu." Mimi naitika amina kushinda watu wote. Ibada ikiisha namfuata pale mlangoni: "Mchungaji, hakuna mahali pengine pa kufagia?"



Nyumbani sasa. Nyasi imemeza mahindi yetu, hujui gani ni shamba gani ni msitu. Bibi akaniuliza, "Baba watoto, haya mahindi ni ya nani?"

Nikasema, "Ni ya Mungu."

"Basi mwambie akuje apalilie."

Sikusikia. Nilikuwa natafuta jembe niende kwa mjane.

Siku moja narudi, nyumba imenyamaza. Bibi ameenda kwao Sirisia na watoto wote. Ameacha tu maneno kwa jirani: "Mwambieni niliolewa na mtu, sikuolewa na ufagio."

Ndugu zangu, nawaambia, hapo ndio nilijua nimeanguka. Wakati wa busaa bibi alinivumilia. Utakatifu ndio ulimshinda!

Nikaenda Sirisia. Njia yote nafikiria, hawa watu nitawapea nini ndio wanirudishie bibi? Mkono haina kitu. Kufika, namwona baba mkwe amekaa nje, na kando yake magogo na shoka. Nikasema, asante Yesu, kazi imepatikana. Hata salamu sikumaliza. Nikavua shati, nikaanza kupasua.

Nikapasua. Jasho inatiririka. Mzee anasema, "Mkwe, kaa kwanza." Nasema, "Bado, baba." Kuku akalia nyuma ya nyumba, halafu akanyamaza. Mimi napasua tu.

Sasa mnajua kwetu Wabukusu, mkwe hasogei karibu na mama mkwe, wala kumsalimia kwa mkono. Kwa hivyo mama mkwe alikuwa ndani ya jikoni, simwoni. Lakini sauti niliisikia:

"Ati huyo mtu anatafuta nini na kuni zangu? Muulizeni, amefuata bibi ama amekuja kuandikwa kazi?"

Watoto wangu wakacheka. Watoto wangu, jameni!

Chakula ikaletwa. Mzee akachukua firigisi, ile nyama ya heshima, akaniwekea mimi. Mimi, mtu ameacha binti yake karibu alale njaa! Nikarudisha mkono. "Baba, hii sistahili. Wacha nimalize kuni kwanza."

Mzee akaniangalia kama mtu anaangalia ng'ombe mgonjwa. "Kijana, huyu kuku ameshachinjwa. Upasue kuni, usipasue kuni, hawezi kuamka atembee. Nawa mikono ule."

Na bibi yangu akaongeza, amesimama hapo na maji ya kunawa: "Wewe, nilikukubali ukiwa na suruali moja na harufu ya busaa. Ulikuwa umenipasulia kuni gani?"

Nikaona Jumapili zote zile, mchungaji akisema bure, bure, na mimi nikitafuta ufagio. Kumbe meza ilikuwa imeandaliwa, ni mimi nimesimama nje na shoka! Nikaweka firigisi mdomoni nikaanza kulia. Na firigisi ni nyama ngumu. Huwezi kumeza, huwezi kuongea. Nililia hivyo, natafuna.

Tulirudi nyumbani sisi wote. Tukapalilia pamoja, bibi mbele, mimi nyuma. Mahindi ilikuwa imechelewa, tulivuna kidogo, lakini tulivuna tukiwa nyumba moja. Na kanisa bado nafagia, si mnaniona? Nafagia kwa sababu nimefurahi. Nikichoka, naenda kwangu. Mbingu haijaanguka.

Namshukuru mchungaji kwa kurudia neno moja bila kunipiga. Nawashukuru wazazi wa Sirisia. Na huyu mama ameketi hapo nyuma akijificha na kitambaa, asante kwa kurudi.

Kama kuna mtu hapa amechoka akitafuta Mungu amkubali, ndugu yangu, dada yangu, weka shoka chini. Nawa mikono.