Adela Ghati Mwita, Malkia Aliyekataa Kupiga Magoti

Bi. Adela Ghati Mwita alizaliwa tarehe 14 Machi 1941 huko Nyamwaga, Tarime, mtoto wa tatu wa Mzee Mwita Chacha na Mama Robi. Alisoma kwa masista Musoma hadi darasa la nane. Mwaka 1960 masista hao walimpeleka Roma, Italia, kusomea uuguzi.

Sehemu inayofuata ilileta mjadala. Jumapili iliyopita, kwenye kikao cha mazishi, mwenyekiti wetu Bwana Zefania alimwomba Edna, binti wa marehemu na msomaji wa wasifu huu: "Dada, hayo ya sinema tuyaruke. Padri atakuwepo."

Edna akamjibu, "Mama alisema tukiyaruka, tutakuwa tumezika mtu mwingine."

Kwa hiyo hayarukwi.

Mwaka 1962, Adela akiwa kituo cha tramu na sare yake ya wodini, mtengeneza filamu mmoja alimwomba afike studio. Alienda siku yake ya mapumziko. Hadi 1966 alikuwa amecheza filamu saba, nyingi za mashujaa wa kale wenye mapanga, na mbili za kutisha. Alikuwa mtumwa mara nne, mchawi mara mbili. Kwenye orodha ya waigizaji walimwandika "Stella Neri", wakidai jina lake halitamkiki. Katika filamu ya saba alipewa nafasi ya malkia. Siku ya kupiga picha, mwongozaji akamtaka apige magoti na kubusu miguu ya shujaa.

"Malkia hapigi magoti," alisema Adela.

"Hapa mwongozaji ni mimi. Piga magoti."

"Basi tafuta malkia mwingine."

Alisimama juani tangu saa tatu asubuhi hadi saa nane mchana, taji kichwani, watu sitini wakimsubiri. Walipoona siku inawapotea, wakapiga picha akiwa amesimama vilevile. Hakuitwa tena na studio yoyote. Alirudi wodini, na hakuficha kwamba alilia wiki nzima, maana kazi ile aliipenda. Lakini hakuwahi kusema alikosea.

Tarehe 19 Novemba 1966 alifunga ndoa na Bwana Method Rwechungura, karani wa ubalozi wetu huko Roma. Ndugu wa Bwana Method walipomwonya kwa barua kwamba anaoa mwanamke wa sinema, aliwajibu, "Najua. Nimemtazama mara tatu." Walijaliwa watoto wawili, Edna na Sebastian. Mwaka 1973 Bwana Method alihamishiwa Washington, na kuanzia 1976 hadi 2008 Bi. Adela alikuwa muuguzi kwenye nyumba ya wazee hapa Silver Spring, Maryland. Bwana Method alitangulia mwaka 2011.

Mwaka 2019 mjukuu wake Makena aliipata ile filamu ya saba mtandaoni.

"Bibi, serious? Huyu ni wewe?"

"Ni mimi. Ila sauti si yangu. Walimweka mwanamke mwingine anisemee."

Akamwambia Makena azime sauti. Kisha yeye mwenyewe akayasema maneno yote ya malkia, kwa Kiitaliano, kwa nguvu, mpaka jirani akagonga ukuta. Hakupunguza.

Machi 2022 figo zake zilianza kushindwa, akawa anasafishwa damu mara tatu kwa wiki. Daktari alipopendekeza ahamie nyumba ya wazee, alisema, "Nimefanya kazi humo miaka thelathini na mbili. Kulala, hapana." Alifariki nyumbani kwake Silver Spring, Jumanne tarehe 11 Februari 2025, saa nne asubuhi, Edna akimshika mkono.

Wengi mmeuliza kwa nini hatumsafirishi Tarime. Alikataa mwenyewe: "Nizikeni hapa Maryland, mahali wajukuu wangu wanaweza kufika kwa basi."

Ameacha watoto wawili, mkwe wake Kimani, wajukuu watatu na mdogo wake Fidelis aliyeko Musoma.

Lala kwa amani, Mama. Basi la kufika kwako tunalijua. Tutakuja.