Cherehani Iliyogeuzwa Ukutani

Shangazi yetu alizaliwa tarehe 14 Machi 1951, binti pekee kati ya kaka wanne. Alisoma hadi darasa la nane, akajifunza ushonaji kwa miaka miwili, na mwaka 1970 akafungua chumba chake cha kushonea kwenye barabara kuu, mkabala na duka la fundi saa.

Alijaliwa jicho la kupima. Futi aliivaa shingoni kama pambo tu. "Simama hapo mlangoni, mwanangu. Haya, nimeshakuona, nenda zako."

Mwaka 1972 fundi saa alileta posa. Dini yake haikuwa yetu. Babu akasema, "Ukienda kwa huyo, usirudi hapa." Mwaka 1975 Shangazi akaozwa kwa karani wa mahakama. Huyo alipimwa kwa futi kila mwaka, na suruali bado zilimbana. Hawakujaliwa mtoto. Karani alifariki mwaka 1986. Fundi saa hakuwahi kuoa.

Aya inayofuata haimo katika karatasi za wasifu mlizoshika hapa msibani. Baba zangu, kaka zake wanne, waliifuta. Mimi naisoma.

Mwaka 1988 dada wa fundi saa alileta kitambaa cha shati la kaka yake, bila vipimo. Shati likamkaa sawasawa, begani hadi mikononi. Mji wetu mdogo. Ukipiga chafya dukani, sokoni wanakuombea afya. Baba zangu wakaja wote wanne.

"Umempima lini yule?"

"Sijamgusa. Namwona tu kutoka hapa nilipokaa."

Basi wakaigeuza cherehani ikatazama ukuta. Miaka thelathini na tatu alishona ameipa barabara mgongo, kivuli chake kikiangukia kitambaa, hadi macho yakaharibika. Nguo hizo tulizivaa, mimi pia, na hatukusema neno. Naona aibu.

Mwaka 2021 alipatwa na kiharusi. Aliugulia chumbani mle mle. Wiki ya mwisho aliniomba nikigeuze kitanda kielekee dirishani, nikakigeuza. Akakodoa macho ng'ambo ya barabara.

"Simwoni. Hebu niambie, amekonda?"

"Amekonda, Shangazi. Kola inampwaya."

"Basi mabega yamepungua inchi moja," akasema.

Alifariki tarehe 9 Juni 2023, asubuhi.

Ameacha kaka wanne na watoto wa kaka kumi na mmoja. Nje ya geti amesimama mzee ambaye hakualikwa, amevaa shati lile la mwaka 1988. Baba zangu, mfungulieni.

Shangazi apumzike kwa amani, na asigeuzwe tena.