Kawa la Watu

Wazee wa benchi la kahawa karibu na kivuko cha Pangani hawakuwahi kushindwa na jambo. Vita vya Suez walivimaliza wao, na ndoa za watu wasiowahusu walizivunja na kuzirudisha, yote kwa kahawa chungu na kashata. Alasiri hiyo ya mwaka 1958 Idarusi, aliyeitwa Karani kwa kuwa alifanya ukarani shamba la mkonge miaka kumi na minane, alishika mkaa akaanza kuchora ukutani. Fundi Uweso, mshona kanzu, aliacha sindano akamtazama, roho yake imekaa vibaya. Asubuhi barua ilikuwa imefika: darasa la wasichana halitafunguliwa mtaani, maana hesabu ya watu ya mwaka jana imeonyesha watoto ni wachache mno. Na binti yake Mboni alikwisha kujishonea mfuko wa daftari.

— Huu ndio mtaa wetu, kama hesabu ilivyo ndani ya barua, alisema Karani. Kila mstari ni miaka kumi. Watoto chini, wazee juu. Wanaume kushoto, wanawake kulia. Mtaa wenye afya zake hutoka kama kawa la kufunikia chakula, chini pana, juu kumechongoka.

— Basi hilo limepinduliwa, alisema Hamed. Huyu alikuwa na minazi mingi, na wenzake walimwita Redio kwa kuwa hazimwi.

— Mimi nimenakili tu.

— Na hapa kushoto, penye vijana, mbona pamebonyea?

— Vijana wako bandarini Tanga, wako mkongeni. Lichore shamba la mkonge uone: wanaume wa miaka ishirini wamejaa tele, wanawake wa kuhesabu, wazee hakuna. Ukitazama tu unajua hawa wamekuja kufanya kazi, hawakuja kuishi.

Maneno hayo yalimwingia Uweso. Alipenda kwamba mistari ya mkaa ingeweza kusema siri ya watu namna ile, na papo hapo akaiogopa.

— Na mstari huu wa arobaini, uliowapita wote? aliuliza Hamed.

— Asiyejua mwaka wake husema arobaini. Wewe ulisema ngapi?

— Arobaini.

— Na mama yako?

Hamed alikunywa kahawa kwanza.

— Arobaini.

Benchi zima lilicheka mpaka muuza kahawa akaweka dele lake la kahawa chini.

— Cheka, cheka, alisema Hamed. Mimi najua watoto wamekwenda wapi. Ni maji. Maji ya mto yakishachanganyika na ya chumvi, uzazi unafunga.

— Si maji, alisema muuza kahawa. Ni kukwea minazi. Mwanamume anashinda juu huko, mkewe yuko chini. Watoto watatoka wapi?

— Nyote hamkusoma, alisema Karani. Ni baiskeli. Mwaka arobaini na tano mtaa huu ulikuwa na baiskeli mbili, leo kumi na tisa. Baiskeli zimepanda, watoto wameshuka. Hiyo ni hesabu, yakhe, haina ubishi.

Kundi la watoto likapita mbio likimfukuza jogoo. Wazee waliinua vikombe wasimwagiwe, wakaendelea na baiskeli.

Uweso alirudia sindano yake. Siku ya kuhesabiwa alimwambia karani mgeni aliyekuja kuhesabu kwamba ana watoto wawili, na mkewe Sabiha akawaficha wengine uani na sahani ya mihogo. Hakuona kuwa amesema uongo. Mtoto hahesabiwi mbele ya mgeni; kijicho hakichelewi. Ndivyo alivyolelewa, na sasa Mboni ndiye aliyekuwa akilipa. Aliona aibu, aibu ya kweli.

Mwanamke kijana mwenye mwavuli alikuja kutoka kivukoni.

— Shikamooni, wazee.

— Marahaba, binti. Karibu kahawa.

— Ahsanteni. Mimi ni mwalimu Benedikta, natoka Muheza. Ndimi niliyekuwa nifundishe lile darasa. Nimeambiwa nikipata orodha ya watoto, shauri litatazamwa upya.

Aliutazama mchoro, akawatazama watoto waliokuwa wakirudi na jogoo wao.

— Wazee wangu, siku ile ya kuhesabiwa, ninyi mlisema mna watoto wangapi?

Karani aliukagua mkaa wake. Muuza kahawa alikisuuza kikombe kilichokwisha kuwa safi. Redio ilizimika. Mwishowe aliyesema alikuwa Uweso.

— Mwalimu, mimi Uweso. Idadi sitaitaja. Kwetu haifai. Lakini majina nitakupa.

Benedikta alitoa penseli.

— Mboni. Hatibu. Mwanamkasi. Shekhe. Mastura.

Hakuwahi kuwataja wote kwa pamoja mbele za watu.

— Ndio wote, baba?

— Yuko mmoja. Ana siku tatu, jina hatujampa.

— Naandika mtoto wa Uweso.

Hamed aliweka kikombe chini.

— Ukimaliza hao, binti, uje kwangu. Uje na karatasi nyingine.

Karani alikuwa amekwisha kusimama, mkaa umegusa ukuta chini kabisa, karibu na vumbi.

— Huyo wa siku tatu, Fundi. Kushoto au kulia?

— Kulia, alisema Uweso. Vuta mstari mpaka mwisho wa ukuta.