Bi Tarehe na Kesi Zetu Zisizozeeka

Baada ya miaka thelathini na minne ya utumishi katika masjala ya mahakama yetu, Bi Tarehe anastaafu rasmi tarehe 30 Juni. Sherehe ya kumuaga ilipangwa Mei, ikaahirishwa mara mbili kwa kuwa akidi haikutimia. Yeye mwenyewe hakushangaa.

Jina hilo alipewa na ndugu za washtakiwa, kwa sababu ndiye aliyewatajia dirishani siku nyingine ya kurudi. Alianza kama mpiga chapa, akapanda hadi mkuu wa masjala, na hakuwahi kupoteza jalada hata moja. Waliyoyapoteza mahakimu aliyapata yeye, mara nyingi chini ya birika la chai.

Katika miaka hiyo Mahakama Kuu ilituletea nyaraka kumi na moja za kutuagiza tuharakishe kesi za jinai. Zote tulizipokea kwa heshima, tukazigonga mhuri na kuziundia kamati. Kamati ya kwanza ilikutana baada ya miezi saba, ikakubaliana kwamba suala ni la dharura.

Tulikuwa pia na utaratibu wetu. Kila hakimu mpya alipofika, kesi alizozirithi zilisajiliwa upya, kwa namba mpya na mwaka mpya, na kazi hiyo aliifanya Bi Tarehe kwa mwandiko wake mzuri. Mahakimu wetu huhamishwa kila baada ya miaka miwili hivi, kwa hiyo kwenye ripoti hatukuwahi kuwa na kesi kongwe. Mahakama Kuu ikatupongeza kwa barua, nasi tukaitia fremu.

Mwaka jana waraka wa kumi na moja ukataka orodha ya kesi zote zilizopita miaka mitano, zisikilizwe ndani ya siku tisini. Orodha yetu ilikuwa na neno moja: hakuna. Ilibaki saini ya Bi Tarehe tu.

Asubuhi aliyotakiwa kuitia, alifika dirishani dada wa fundi seremala mmoja, mahabusu aliyeshtakiwa kuiba randa na misumeno ya tajiri wake. Kila siku ya kesi alikuja na shati safi la kaka yake, huenda akaachiwa. Akauliza kama waraka unawahusu. Bi Tarehe akatazama jalada, akamjibu kwamba kesi yao bado changa, ina mwaka mmoja na miezi miwili.

"Mama, mwanangu alizaliwa wiki aliyokamatwa mjomba wake," akasema yule dada. "Sasa yuko darasa la pili."

Bi Tarehe hakutia saini. Kwa wiki tatu alifukua majalada na kuandika juu ya kila moja siku mshtakiwa alipokamatwa kweli. Orodha ikafika kesi mia moja arobaini na tatu. Hakimu mfawidhi alikosa hamu ya kula, na barua ya pongezi ikashushwa ukutani kimyakimya.

Kesi ya fundi ilichukua dakika arobaini. Tajiri alieleza kwamba vifaa alivikuta stoo kwake mwaka uleule fundi alipokamatwa, akadhani kesi iliisha zamani. Fundi akaachiwa huru, akavaa shati lake, likampwaya.

Sisi tulipiga makofi. Bi Tarehe alimfuata yule dada hadi getini.

"Namba zile niliziandika mimi, mwanangu. Nisamehe."

 Yule dada alimshika kaka yake mkono, wakaondoka.

Tunakushukuru, Bi Tarehe, kwa kufanya jambo ambalo yeyote kati yetu angeweza kulifanya. Uwe na afya, ulale usingizi mzuri, wajukuu wakufaidi. Kesi sabini na moja zilizobaki umetuachia sisi, na hatuna tena pa kuzificha.