Shangazi Kifuniko na Filamu Isiyo na Picha

Marehemu, ambaye wengi mlimjua kwa jina la Shangazi Kifuniko, alizaliwa tarehe 4 Mei 1957, mtoto wa tatu wa fundi cherehani na mkewe mkunga. Mama yake alisimulia kwamba alikuja duniani macho kodo, akikagua chumba kizima.

Alisoma shule ya msingi iliyo nyuma ya soko, kisha chuo cha ualimu, akahitimu mwaka 1979. Ripoti zake zote zilisema jambo moja: anauliza mno. Ugonjwa huo hakupona.

Alifundisha jiografia, na lililomkera lilikuwa moja: wasichana walipofika darasa la tano, mmoja mmoja walitolewa shule. Wazazi wakiitwa mkutanoni, kimya, kama wamemwagiwa maji. Mwaka 1988 shule ilipata kamera ya video. Akazunguka nayo nyumba kwa nyumba akiwauliza sababu, kisha akawaita ukumbini wajitazame. Loo, giza tupu. Kifuniko cha lenzi hakikuwa kimetolewa hata mara moja. Zilisikika sauti tu. Mwingine angezima kwa aibu. Yeye alisema, "Maadamu mmeshakaa, sikilizeni."

Katika giza lile sauti ikasema, "Msichana asome ili iweje?" Mwashi mmoja akaguna, "Nani huyu anayeropoka?" Mkewe akamjibu taratibu, "Ni wewe, baba watoto." Watu walivunjika mbavu, mwashi mwenyewe akacheka mpaka machozi yakamtoka. Jumatatu alimrudisha bintiye darasani, na wazazi wengine wakafuata. Tangu hapo Shangazi aliweka chaki chini, akawa mtu wa filamu za maisha ya watu, na kila filamu waliitazama kwanza wale waliomo.

Mwaka 1990 fundi redio mmoja alikuja kumtengenezea projekta. Wakaoana mwaka uliofuata. Projekta yenyewe haijapona mpaka leo. Mumewe anasema angeimaliza, angekosa sababu ya kurudi.

Moyo ulianza kumsumbua mwaka 2022. Wodini aliwahoji wagonjwa wenzake hadi daktari akamwambia, "Mama, hapa mwenye kuuliza ni mimi." Alifariki mchana wa tarehe 9 Machi 2024, mkono wake ukiwa mkononi mwa mumewe. Imetuuma, hatufichi.

Ameacha mume, watoto wawili, wajukuu watano, na binti wa mwashi, aliyemaliza shule, akafundishwa kazi na Shangazi na kupendwa kama wa tumbo lake. Ndiye huyo mnayemwona kando ya kaburi na kamera begani. Shangazi alimwachia wosia mfupi: "Siku yangu uirekodi, ila mwanangu, kifuniko."

Tumekagua mara mbili. Kimetoka, Shangazi. Pumzika salama.